Laptopu ya kwanza ni ipi? Kwanza jiulize kama unaweza kuipakata

Swali limetoka kwa mwanafunzi wa mwaka wa pili, nalifupisha kidogo: "Kaka fundi shikamoo. Tumepewa kazi ya kuandika historia ya laptopu, mi nimeandika ya kwanza ni Osborne 1 ya mwaka 1981, mwenzangu kaandika ni Epson ya Japani, mwingine anashikilia GRiD kwa sababu ilienda mpaka angani na chombo cha NASA. Tumebishana mpaka usiku. Nani kapatia? Na kingine, kompyuta zilikuwepo toka zamani, kwa nini laptopu ilichelewa hivo?"

Marahaba mdogo wangu. Wote watatu mna hoja, ila kabla sijagawa maksi tuanze na neno lenyewe, maana hapa Kiswahili kimetupa kipimo kizuri sana. Vitabuni laptopu inaitwa kompyuta mpakato, na kupakata kila mtu anajua ni nini, unamweka mtoto mapajani unakaa naye popote, kibarazani, kwenye basi, chini ya mwembe, na mtoto hajafungwa kamba ukutani. Kwa hiyo chukua kila mashine inayodai kuwa ya kwanza uiulize mambo mawili tu, je naweza kuiweka mapajani nikafanya nayo kazi, na je nikichomoa waya ukutani inaendelea au inazima. Ukishika hayo mawili ubishi wenu mwingi unaisha wenyewe.

Sasa tumchukue Osborne wako. Aliyeianzisha kampuni ni Adam Osborne na aliyeichora mashine ni Lee Felsenstein, ilionyeshwa California mwezi Aprili 1981, bei dola 1,795, na ndani ya bei hiyo unapewa na programu za kuandikia na za mahesabu ambazo ukizinunua moja moja zinakaribia bei ya mashine yenyewe. Ni mashine ya maana kabisa na iliuzika vizuri sana. Ila uzito wake kilo 11, huo ni uzito wa mtoto anayekaribia mwaka na nusu, na tatizo wala sio uzito peke yake. Imefungwa kama cherehani ya kubeba, unailaza mezani, unafungua mfuniko ambao ndo kibodi, alafu mbele yako kuna sanduku lenye kioo cha inchi 5 katikati na sehemu mbili za disketi (sahani za kuhifadhia kazi, za kuchomeka na kuchomoa) pembeni. Mapajani haikai. Na ndani haina betri, mpaka upate soketi. Kwa hiyo ni kompyuta ya kubebeka, inatoka ofisini inaenda nyumbani, ila haipakatiki. Kioo chenyewe kilionyesha herufi 52 tu kwa mstari wakati karatasi ya kawaida ya kazi ilitaka 80, ikabidi mtu asogeze maandishi kulia na kushoto ili asome sentensi nzima.

Na kabla ya Osborne kulikuwa na IBM 5100, Septemba 1975, hiyo nayo waliita ya kubebeka na ilizidi kilo 20, bei ikianzia dola 8,975 na kupanda mpaka karibu dola 20,000 kutegemea umeitaka na memori kiasi gani. Baada ya Osborne wakaja jamaa watatu waliotoka Texas Instruments, Rod Canion, Jim Harris na Bill Murto, wakaanzisha Compaq kule Houston mwaka 1982, na mashine yao ya kwanza ilikuwa kilo 13 lakini ilikuwa inakubali programu za IBM PC, ile kompyuta ya mezani ya maofisini, na hilo ndo lililowatajirisha. Mwaka wao wa kwanza wa mauzo waliingiza dola milioni 111. Weka hilo la kukubali programu za IBM akilini, nitalirudia.

Ukiziangalia hizi tatu utaona ni familia moja. Hawa ni watu waliochukua kompyuta ya mezani wakaibana, wakaibana, wakaitia mpini. Na walifika mahali wakakwama, na kilichowakwamisha ndo jibu la swali lako la pili, kwa nini ilichelewa.

Kilichowakwamisha ni kioo. Wewe umezaliwa wakati vioo vyote ni bapa, ila muulize mzazi wako TV ya kichogo ilikuwaje. Ile ni chupa nene ya kioo iliyonyonywa hewa yote, nyuma kabisa kwenye shingo kuna kitu kinarusha elektroni kuja kugonga uso wa mbele ili ung'ae, na ili zirushwe inabidi uwe na umeme wa maelfu ya volti. Uso ukiwa mpana shingo nayo lazima irefuke, hakuna ujanja. Ndo maana Osborne ina kioo cha inchi 5 kama cha simu ndogo, sio kwamba hawakupenda kikubwa, ni kwamba kichogo cha kikubwa kingekula sanduku lote. Na umeme wa kuwasha kichogo hicho ungemaliza betri yoyote ya wakati ule upesi sana. Kwa hiyo mtu anayesema laptopu ilichelewa kwa sababu chipu zilikuwa dhaifu mi simkubalii kabisa, prosesa ya kutosha ilikuwepo toka katikati ya miaka ya 70, kilichokosekana ni kioo bapa kinachokula umeme kiduchu.

Na kuna mtu alishaliona hilo mapema mno. Anaitwa Alan Kay. Mwaka 1968 akiwa bado mwanafunzi alitembelea Chuo Kikuu cha Illinois akaonyeshwa kipande cha kioo bapa cha inchi moja tu, ndani kuna gesi ya neoni, na vidoti vyake vinawaka kimoja kimoja. Wengine waliona kipande cha inchi moja, yeye akaanza kupiga hesabu ni lini kioo cha aina hiyo kitakuwa kikubwa vya kutosha na kompyuta yote ikae nyuma yake. Akatengeneza mfano wa boksi, karatasi ngumu tu, akawa anamimina ndani vipande vya risasi ili asikie mkononi ni uzito gani mtu anaweza kubeba bila kuchoka. Fikiria mtu anapima uzito wa mashine ambayo haipo. Mwaka 1972 akiwa kwenye maabara ya Xerox kule Palo Alto akaandika kabisa, kompyuta ya watoto wa rika zote, ukubwa wa daftari, uzito chini ya paundi 4 ambazo ni kama kilo 1.8, bei akalenga dola 500, akaiita Dynabook. Pima laptopu yako ya leo uone kama hajapatia. Xerox wenyewe walipojaribu kutengeneza kitu cha kubeba mwaka 1978, waliita NoteTaker, ikawa na kilo 22 hivi, wakatengeneza chache tu na haikuingia sokoni. Kichogo tena.

Sasa hapa ndo pa kukaa nako sana mdogo wangu, maana kwenye kazi nyingi za wanafunzi sehemu hii huwa haipo. Laptopu ya kweli haikutoka kwa wale waliokuwa wanabana kompyuta kubwa, ilitoka upande mwingine kabisa, kwa watu wa saa na vikokotoo. Wakati Marekani wanahangaika na vichogo, Japani walikuwa na shida nyingine, wanataka kikokotoo cha mfukoni ambacho betri yake haishi kila siku. Mwaka 1973 Sharp wakatoa kikokotoo EL-805 chenye kioo cha LCD, kikawa kinafanya kazi saa 100 kwa betri moja ya AA, yaani hii ya saa ya ukutani. Mwaka huo huo Seiko wakatoa saa ya mkononi ya LCD yenye tarakimu sita. Siri yake ni kwamba LCD haitoi mwanga wake yenyewe. Ndani kuna kimiminika ambacho molekuli zake zinajipanga, ukizipa umeme kidogo zinajigeuza zinazuia mwanga, ukiutoa zinaachia mwanga upite. Kazi yake ni ya pazia sio ya taa, na kuvuta pazia ni rahisi kuliko kuwasha taa. Na pamoja na kioo hicho wakawa wanatumia chipu za aina ya CMOS ambazo zinakula umeme hasa pale zinapobadili hali tu, zikitulia zinakula karibu na bure. Betri ndogo, kioo cha pazia, chipu isiyo na njaa, hivyo vitatu ni mali ya fundi saa, na ndivyo vilivyoizaa laptopu.

Ndo nakuja kwa Epson ya mwenzako. HX-20 ilibuniwa na Yukio Yokozawa aliyekuwa Suwa Seikosha, kampuni ya kundi la Seiko lile lile la saa, kazi ikaanza mwaka 1980, ikaonyeshwa 1981 na kuanza kuuzwa 1982. Ukubwa wa karatasi ya A4, kilo 1.6, kibodi kamili ya kuandikia kwa vidole kumi, na ndani wameweka kabisa printa ndogo inayotoa karatasi kama risiti ya dukani pamoja na sehemu ya kaseti ndogo ya kuhifadhia kazi. Betri ya kuchaji ya nikeli na kadimiamu, na iliweza kufika kama saa 50. Soma tena, saa 50, laptopu ninazoletewa mimi nyingi hazifiki 5. Unaipakata, unachomoa waya, unaandika. Kwenye kipimo chetu imefaulu yote mawili.

Lakini mwenzako naye asijisifu sana, maana kioo cha HX-20 kilikuwa na mistari 4 tu na kila mstari herufi 20. Herufi 80 kwa mkupuo, hata meseji ya simu ilibeba 160. Kwa nini wasiweke kioo kikubwa? Kwa sababu ya namna LCD ya wakati ule ilivyokuwa inaendeshwa. Umeme unapita mstari mmoja baada ya mwingine kwa zamu, haraka sana, ukiwa na mistari michache kila mmoja unapata zamu ndefu na weusi wake unakolea, ukiongeza mistari zamu zinakuwa fupi, herufi zinafifia mpaka zinafanana na kioo kitupu. Kwa hiyo ukuaji wa laptopu miaka ile unaweza kuuhesabu kwa mistari ya kioo.

Mwaka 1983 ikaja TRS-80 Model 100, imetengenezwa na Kyocera wa Japani ikauzwa na Radio Shack Marekani, mistari 8 ya herufi 40, dola 799 ile yenye memori ya kilobaiti 8. Hii naipenda kuliko zote na sioni aibu kusema. Betri nne za AA unazinunua duka lolote, zinakaa kama saa 20. Modemu, yaani kifaa cha kutuma maandishi kwa laini ya simu, imo ndani. Waandishi wa habari waliikumbatia, mtu yuko uwanjani au kwenye ajali ya treni, anaandika habari magotini, anatafuta simu, anaituma chumba cha habari papo hapo. Modemu ilikuwa ya biti 300 kwa sekunde, kama herufi 30 kila sekunde, kwa hiyo habari ya herufi 3,000 inakwenda kwa dakika moja na nusu na kidogo. Na programu zake nyingi zilizokuwa ndani aliziandika Bill Gates kwa mkono wake akishirikiana na Mjapani Junji Suzuki, mwenyewe Gates amewahi kusema ndo mashine ya mwisho ambayo sehemu kubwa ya programu yake aliiandika yeye. Unawasha na sekunde hiyo hiyo uko tayari kuandika, kazi yako ipo pale ulipoiacha. Miaka mingi ikapita baada yake ndo laptopu zikaja kuamka upesi namna ile tena.

Huyo anayeshikilia GRiD sasa. John Ellenby ni Mwingereza aliyekuwa pale pale Xerox, akatoka akaanzisha kampuni yake mwaka 1979, na shabaha aliyojiwekea ni kwamba kompyuta ienee kwenye nusu ya mkoba wa ofisini, nusu nyingine ibaki ya makaratasi. Mchoraji akampata Mwingereza mwenzake, Bill Moggridge. Moggridge ndo aliyekata shauri kioo kikunjwe juu ya kibodi kwa bawaba, ukifunga vinalindana, ukifungua kinasimama mbele ya macho. Leo tunaona kama ni kitu cha kawaida kabisa, ila angalia mashine zote nilizotaja mpaka hapa, hakuna hata moja iliyokunjwa hivyo, HX-20 na Model 100 zimelala bapa kama kikokotoo kikubwa maana huko ndo kwao. Umbo la kitabu linalofunguka ni la GRiD Compass, Aprili 1982, na walikatia hataza kabisa. Kila siku nabadilisha bawaba zilizovunjika na kila siku nakumbuka kwamba mtu mmoja alikaa akaiwaza bawaba hiyo kwa mara ya kwanza.

Kasha lake ni la magnesiamu, jepesi na gumu, na lilikuwa linasaidia kutoa joto nje, yaani kasha lote linafanya kazi ya kipoza joto. Kioo chake sio LCD, ni bapa cha aina nyingine kinachong'aa chenyewe kwa rangi ya machungwa, nukta 320 kwa 240, kinasomeka vizuri hata gizani. Kuhifadhi hawakutumia disketi wala diski inayozunguka, walitumia memori ya mapovu ya sumaku, zaidi ya kilobaiti 300, haina kitu kinachosogea kwa hiyo ukiidondosha haina cha kukwaruzika. Uzito karibu kilo 5. Bei dola 8,150. Kwa bei hiyo wanunuzi wake wakubwa walikuwa serikali, jeshi na NASA. Na ni kweli ilienda angani, mwisho wa mwaka 1983 ilikuwa ndani ya chombo Columbia ikiwaonyesha wanaanga kwenye ramani wako juu ya sehemu gani ya dunia. Ilibidi waiongezee feni, kwa sababu kule hakuna uzito, hewa ya moto haipandi juu yenyewe kama huku chini, inabaki pale pale imeizunguka mashine.

Ila GRiD haikuwa na betri! Kile kioo kizuri kinataka umeme mwingi, mapovu ya sumaku yanataka umeme na yanatoa joto, kwa hiyo ilikuwa inachomekwa ukutani. Kwa hiyo mwenzako wa GRiD ana umbo, mwenzako wa Epson ana betri na uzito, na wewe wa Osborne una soko. Hakuna aliyekuwa navyo vyote.

Hapo katikati kulikuwa na vurugu nyingi, sitazitaja zote. Gavilan ya 1983 huwa inatajwa kuwa ndo ya kwanza kuuzwa kwa jina hilo la laptop, ilikuwa na sehemu ya kupapasa kwa kidole juu ya kibodi miaka mingi kabla haijawa kawaida, kampuni ikafa 1984. Data General nao wakatoa ya kwao 1984 yenye LCD kamili, mistari 25 ya herufi 80, ukurasa mzima kama wa kompyuta ya mezani, na likawatokea lile nililokwambia la zamu, herufi zilififia mpaka watu wakalalamika hawasomi, ilibidi uitegeshe mashine kwenye mwanga kwanza. Ukisikia mtu anasema fulani alitangulia kuwa na kioo kikubwa muulize kilisomeka?

Zile familia mbili, wabanaji wa Marekani na watu wa vikokotoo wa Japani, zinakutana mwaka 1985 na mashine inaitwa Toshiba T1100. Kiongozi wa kuitengeneza ni Tetsuya Mizoguchi, na wakubwa wa kampuni walikuwa na shaka nayo sana, hawakuona nani ataitaka. Aliyeibeba ni mtu wa mauzo aliyekuwa Ulaya, Atsutoshi Nishida, alijifunga kwamba atauza mashine 10,000 mwaka wa kwanza, ndo maana ikaanza kuuzwa Ulaya kabla ya kwingine. Kilo 4.1, betri ya kuchaji ndani, LCD ya nukta 640 kwa 200, imekunjwa kwa bawaba, prosesa 80C88, na ile C katikati ndo CMOS yenyewe ya kwenye saa. Na, hapa ndo nilisema uweke akilini, inakubali programu za IBM PC. Mtu wa ofisini hahitaji kujifunza kitu kipya, mahesabu yale yale aliyoacha mezani anayaendeleza kwenye treni.

Kulikuwa na kikwazo kimoja ambacho watu hawakikumbuki. T1100 ilitumia disketi ndogo za inchi 3.5 kwa sababu ya nafasi, wakati dunia nzima ya IBM ilikuwa bado kwenye zile kubwa laini za inchi 5.25. Unaweza ukawa na mashine inayokubali kila programu na usiwe na programu hata moja inayoingia kwenye tundu lake. Nishida ikabidi awaendee watengeneza programu wakubwa awashawishi watoe za kwao kwenye disketi ndogo. Mi naona kazi hiyo ni kubwa sawa na ya mainjinia, kwa sababu mashine bila programu ni kasha tu. Mwaka uliofuata IBM wenyewe wakatoa laptopu yao ya kwanza, PC Convertible, kilo 5.8, nayo ikatumia disketi ndogo. Nishida baadaye akaja kuwa rais wa Toshiba nzima.

Kuanzia hapo ni kupunguza uzito na kuongeza kioo, naenda haraka. Mwaka 1988 NEC wakatoa UltraLite ya kilo 2 ila walipata wepesi huo kwa kuacha diski yote, kazi zako zinakaa kwenye memori inayoshikiliwa na betri. Mwaka huo huo kampuni ya PrairieTek ikatoa diski kuu ya inchi 2.5, kipimo kile kile ninachobadilisha mpaka leo kwenye laptopu za wateja, na mwaka 1989 Compaq wakatoa LTE, ukubwa wa daftari, yenye diski kuu na sehemu ya disketi vyote ndani. Mwaka huo huo wa 1989 Apple wakatoa Macintosh Portable ya kilo 7.2 yenye betri ya risasi na tindikali, aina ile ile ya betri ya gari. Kioo kilikuwa kizuri sana, lakini mapaja yalikataa. Wakajifunza upesi, Oktoba 1991 wakatoa PowerBook, na ndo waliosogeza kibodi ikae nyuma karibu na kioo ili mbele pabaki nafasi ya kupumzisha viganja, katikati wakaweka kimpira cha kuviringisha ili kusogeza mshale kwenye kioo. Kabla ya hapo kibodi ilikuwa mbele kabisa ukingoni, mikono inaning'inia. Ndani ya miaka michache karibu kila mtu kaiga.

Na rangi. Oktoba 1992 IBM wakatoa ThinkPad 700C, kioo cha rangi inchi 10.4, nukta 640 kwa 480. Hapa lile tatizo la zamu walilimaliza kwa kuweka transista nyuma ya kila nukta, ishike umeme wake yenyewe mpaka zamu inayofuata ifike. Sasa piga hesabu, 640 mara 480 ni 307,200, na kila nukta ina nyekundu, kijani na bluu, mara tatu, unapata 921,600. Karibu transista milioni moja kwenye kipande kimoja cha kioo, zikiharibika chache tu mteja anaona vidoti. Ndo maana iliuzwa dola 4,350.

Betri ndo ilibaki nyuma ya vyote. Zile za nikeli na kadimiamu nilizikuta kwa macho yangu. Mzee mmoja mstaafu aliniletea mashine yake ya mwishoni mwa miaka ya 80, imetunzwa kwenye kitambaa, haina hata mkwaruzo, akaniomba nimtolee barua zake. Nilipofungua betri ilikuwa imevuja na ule uvujo umekula njia za shaba kwenye bodi, kijani kitupu. Tulikaa nayo wiki mbili. Bodi haikupona, ila diski ilikuwa salama tukazitoa barua kwa mashine nyingine. Sony ndo walioanza kuuza betri za kuchaji za lithiamu-ioni mwaka 1991, kwanza kwa ajili ya kamera za video, laptopu zikazipata baadaye, na waliofanya utafiti wake, Goodenough, Whittingham na Yoshino, walikuja kupewa tuzo ya Nobeli mwaka 2019.

Kwa hiyo ushauri wangu kwenye kazi yako. Usiandike jina moja alafu ukaweka nukta, mhadhiri atakukamata. Andika kwanza kipimo chako ndo utaje mashine. Ukiuliza ipi ya kwanza kupakatika na kufanya kazi bila waya, mi naandika Epson HX-20 bila kusita, kwa hiyo mwenzako wa Epson maksi zake ni nyingi kuliko zenu. Ukiuliza umbo hili limetoka wapi, ni GRiD. Ukiuliza ile uliyonayo wewe hapo mezani ni mjukuu wa nani, ni T1100. Na ongeza aya moja ya saa na vikokotoo, nakuhakikishia darasa zima hawatakuwa nayo. Kuna kitu kidogo cha kuweka kwenye aya hiyo: mwaka 1989 Toshiba walipotoa laptopu ya ukubwa wa daftari huko kwao Japani waliipa jina DynaBook, lile lile la Alan Kay, na mwaka 2018 walipoanza kuuza biashara yao ya kompyuta, mnunuzi alikuwa Sharp, wale wale wa kikokotoo cha betri moja.

Sehemu ya Osborne usiifute, ihamishie tu juu kwenye kompyuta za kubebeka, pamoja na IBM 5100 na Compaq, pale inakaa vizuri.